Nikirekodi nje napata kelele tu, nyie mnasikilizaje?

sikio_wazi:
Wakuu habari zenu. Nimeingia kwenye haya mambo ya kurekodi sauti za mazingira, mvua, ndege, watu sokoni, nataka nizitumie kwenye kazi zangu za sanaa ya sauti. Sasa nikiwa palepale ndege namsikia vizuri kabisa, nikirudi nikasikiliza ndege yuko huko mbali, mbele yake magari na upepo tu. Rekoda sio mbaya, narekodi biti 24, 48 kHz. Ninunue maiki nyingine au?

fundi_mawimbi:
Usinunue kitu kwanza mkuu. Ukimtaka ndege, ubongo wako unayashusha magari bila hata kukuuliza, maiki haina huo ubongo inameza kila kitu. Kwa hiyo kabla hujawasha rekoda tulia kwanza, tega sikio, usitafute ndege, tafuta kile kinachonguruma chini ambacho ushakizoea mpaka hukisikii tena. Ukishakijua ndo utajua usimame wapi. Halafu sogea! Mahali pa wazi ukipunguza umbali kwa nusu sauti ya yule ndege inapanda kama desibeli 6 (desibeli ndo kipimo cha ukubwa wa sauti) na magari yanabaki vilevile. Kwa ajili ya upepo ivalishe maiki kile kifuniko cha manyoya, kile kisponji kinachokuja na maiki nje hakifui dafu. Na acha nafasi kwenye levo ya kurekodia, sauti ikipanda juu kabisa isizidi desibeli -12 hivi.

mama_kaseti:
Hayo ya fundi sawa ila mimi huo mngurumo siuiti uchafu siku zote. Hildegard Westerkamp, mtunzi wa Kanada anayetumia sauti za mazingira, ana kazi yake ya 1989, Kits Beach Soundwalk, yuko ufukweni Vancouver anarekodi visauti vya viumbe vidogo vinavyokaa kwenye mawe huku jiji linanguruma nyuma, na humohumo ndani ya kazi anaongea, anakwambia kabisa kwamba studio naweza kulishusha jiji, na unasikia linashuka. Hajaficha kitu. Sasa wewe jiulize unataka ndege peke yake au unataka pale mahali palivyo, maana hivyo ni vitu viwili na hata pa kuweka maiki panabadilika.
Hedfoni vaa, wanaosema zinakutenga na mazingira siwaelewi, mimi ndo zilinionyesha friji inavyovuma, ila kuna siku nenda bila mashine yoyote, tembea tu usikilize. Na kila faili anza kwa kutaja mahali, saa na hali ya hewa kwa mdomo wako, vinginevyo baadaye una mafaili ya mvua kibao na hujui ipi ni ipi.

sikio_wazi:
Aisee asanteni, maiki nimeghairi. Na zile sauti za watu sokoni je, mnaomba ruhusa au mnarekodi tu?

fundi_mawimbi:
Umati ambao hakuna anayetambulika mimi narekodi. Ila maongezi yanayosikika neno kwa neno naomba ruhusa au nayakata, hata yawe matamu vipi. Sheria zinatofautiana nchi na nchi, ya kwenu iangalie kabla hujatoa kazi hadharani.

mama_kaseti:
Mimi rekoda naishika mkononi waione. Wanaanza kunihoji mimi na rekodi inaharibika kidogo lakini bora hivyo kuliko kuificha mfukoni, tena ukiificha mfukoni unapata sauti ya nguo inakwaruza tu 😂