Uzi wa malalamiko: Mnaoharibu filamu bubu kwa kuziongezea kasi na kelele, acheni

Ndugu wanajamvi,

Kuna chaneli moja ya filamu za kutafsiriwa, ambayo sitaitaja, iliyopandisha "The Cameraman" ya mwaka 1928 ya Buster Keaton, mchekeshaji wa Marekani wa enzi za filamu bubu, ikiwa imeongezwa kasi hadi watu wanarukaruka kama kumbikumbi, huku msimulizi akibwata mwanzo mwisho. Kinachoudhi zaidi ni kuwaambia watazamaji kwamba picha mbovu zinazoonekana humo zimetokana na ushamba wa wapiga picha wa zamani.

Ushamba upi? Keaton anaigiza mpiga picha wa mitaani mjini New York anayenunua kamera kuukuu ili apate kazi kwenye kampuni inayopiga filamu za habari za kuoneshwa sinemani, kwa kuwa amempenda karani wa hapo. Mkanda wake wa kwanza unapooneshwa mbele ya mabosi, manowari inaonekana ikisafiri katikati ya barabara ya mjini, kwa sababu picha moja imepigwa juu ya nyingine. Kosa hilo ni la mhusika, na limetengenezwa kwa makusudi. Mmoja wa wapiga picha halisi wa filamu hiyo alikuwa Elgin Lessley, yule yule aliyemweka Keaton mara tisa ndani ya fremu moja (yaani picha moja ya mkanda) mwaka 1921, akirudisha mkanda nyuma ili aupige tena na kuzungusha mkono wa kamera kwa mwendo usiobadilika kila mara. Huyo ndiye mshamba wenu?

Kamera za kuzungusha kwa mkono kwa kawaida zilipiga fremu 8 kwa kila mzunguko, hivyo mizunguko miwili kwa sekunde ilitoa fremu 16. Ukizichezesha kwa kasi ya 24 ya filamu za sauti, kila tendo linakwenda mara moja na nusu ya kasi yake. Lawama hapo ni za anayechezesha. Tena kufikia 1928 kasi ya kupiga ilikuwa imeshapanda, kwa hiyo hata kisingizio cha kwamba filamu ilipigwa kwa fremu chache hamnacho.

Tazameni pale anapogeuka na stendi ya kamera begani na kuvunja kioo cha mlango wa ofisi. Kichekesho kimo katika ule utulivu wa uso wake, nanyi mmeufyeka. Halafu msimulizi, bila haya, akatoboa mapema kwamba tumbili ndiye aliyeizungusha kamera wakati wa ajali ya boti!

Irudisheni filamu kwenye kasi yake, na msimulizi atusomee maandishi yanayotokea kwenye skrini, basi, kisha anyamaze.