Mama anatumia amiodaroni, digoksini na warfarini: malaria ikimpata apewe nini?

Mpunga wa Ifakara anauliza:

Shikamooni wakubwa, na wengine habari zenu. Mama yangu ana miaka 61 na ni mgonjwa wa moyo wa siku nyingi. Vali yake moja ilisinyaa kutokana na homa ya rumatiki iliyofuata mafindofindo ya utotoni, na mapigo yake huenda bila mpangilio. Kwa muda mrefu amekuwa akitumia digoksini ya moyo, Lasix ya kukojoza maji na warfarini ya kuzuia damu kuganda. Katika kliniki ya mwisho, jijini Dar es Salaam, daktari alimwongezea amiodaroni, dawa ya kutuliza mapigo, ya miligramu 200: mara tatu kwa siku wiki ya kwanza, mara mbili wiki ya pili, kisha mara moja. Siku hiyohiyo alipunguza digoksini ikawa nusu, na warfarini akaishusha kwa karibu theluthi. Nyumbani wapo wanaosema kwamba aliyeandika cheti alikosea, na wanataka mama arudie dozi zake za zamani.

Hofu yangu kubwa zaidi ni malaria. Sisi tupo bonde la Kilombero, na masika yakianza ni nadra nyumba kumaliza msimu bila mgonjwa. Siku zote mama amekuwa akipewa mseto. Safari hii mhudumu wa duka la dawa alisoma karatasi iliyomo ndani ya pakiti ya amiodaroni akaniambia kwamba mseto hauendani nayo, lakini hakusema atumie nini badala yake. Naomba mwenye ujuzi anieleze suala la dozi na suala la malaria, na pia vipimo gani tunaweza kuvifanya hukuhuku wilayani, maana hatuwezi kusafiri hadi Dar kila mara.

Mfamasia Tanga anajibu:

Ndugu yangu, kwanza waombe walio nyumbani wasiguse dozi hizo. Kwa maelezo yako, daktari alifanya hasa linalopaswa kufanywa. Amiodaroni huzuia ini kuivunja warfarini, na huzuia digoksini isitoke mwilini kwa kasi yake ya kawaida, hivyo kidonge kilekile alichokuwa akimeza mama kwa usalama kinaweza kumzidi nguvu. Ndiyo sababu kwa kawaida digoksini hupunguzwa kwa nusu, na warfarini kwa kati ya asilimia 30 na 50.

Jambo linalowapotosha wengi ni kwamba athari hii haiji siku moja. Hujengeka kwa wiki kadhaa, kwa sababu amiodaroni hujihifadhi kwenye mafuta ya mwili na hutoka polepole mno. INR, yaani kipimo cha damu kinachoonyesha warfarini inazuia damu kuganda kwa kiasi gani, ikiwa sawa wiki ya pili inaweza kuwa imepaa wiki ya sita. Kwa hiyo katika kipindi hiki INR ipimwe kila wiki, na daktari arekebishe warfarini hadi namba itulie kati ya 2 na 3, au pale alipopapanga yeye. Kwa sababu hiyohiyo, hata amiodaroni ikisimamishwa leo, mama ataendelea kuwa nayo mwilini kwa wiki nyingi, pengine miezi, na tahadhari zote zinabaki palepale.

Kuhusu vipimo vingine, kidonge kimoja cha miligramu 200 kina takriban miligramu 75 za ayodini, ilhali mtu mzima anahitaji mikrogramu 150 tu kwa siku. Tezi ya thairoidi iliyopo shingoni inaweza kulegea au kuchachamaa kutokana na wingi huo, na ikichachamaa mapigo ya moyo huharibika upya, watu wakadhani dawa imeshindwa kazi. Kipimo cha TSH, ambacho huonyesha hali ya tezi hiyo, na vipimo vya ini hufanywa kabla ya kuanza dawa na kila baada ya miezi sita. Picha ya kifua ya mwanzo itunzwe vizuri, kwani dawa hii inaweza kudhuru mapafu. Mama akianza kikohozi kikavu au kukosa pumzi kuliko kawaida yake, msikae nalo nyumbani mkisema ni mafua. Potasiamu na hali ya figo ni muhimu zaidi kwake kwa sababu ya Lasix, ambayo hutoa potasiamu kwa mkojo. Potasiamu ikishuka, digoksini huwa sumu hata kwa dozi ndogo.

Tabibu wa Wilaya anajibu:

Nitajibu la malaria. Huyo mhudumu wa duka alikueleza sahihi. Amiodaroni hurefusha muda ambao moyo unahitaji kujiandaa kwa pigo linalofuata, na lumefantrini iliyomo kwenye mseto inaweza kuurefusha pia. Zikikutana, hasa kwa mtu ambaye potasiamu yake imeshuka kwa kutapika au kuharisha, moyo unaweza kuingia katika mapigo ya hatari. Kwinini si kimbilio, kwani nayo huathiri umeme wa moyo na juu ya hapo hupandisha kiwango cha digoksini.

Hii haina maana kwamba malaria isitibiwe, kwa kuwa malaria isiyotibiwa itamuua upesi kuliko mseto. Maana yake ni kwamba asitibiwe dukani wala kwenye zahanati isiyoweza kupima ECG, yaani kipimo cha umeme wa moyo. Akipata homa, apelekwe moja kwa moja hospitali, apimwe malaria, ECG na potasiamu, kisha daktari achague dawa akiwa ameona karatasi ya dawa zake zote. Kwa malaria kali tunatumia sindano ya artesuneti, ambayo kwa upande huu wa moyo ina afadhali sana. Ushauri wangu ni kwamba msingoje masika: pigeni simu kliniki yenu ya moyo sasa, daktari aandike kwa mkono wake dawa anayoikubali, na barua hiyo ikae pamoja na daftari la kliniki. Usiku wa manane hakuna atakayempata daktari bingwa kwa simu.

Lipo jambo jingine ambalo nimeliona zaidi ya mara moja wodini. Digoksini ikizidi, mgonjwa hukosa hamu ya kula, husikia kichefuchefu, hutapika na mwili hulegea. Wengine huona vitu kwa rangi ya manjano, na wazee huweza kuchanganyikiwa. Nyumbani dalili hizo huitwa malaria bila kupima. Mama akitapika bila homa, au kipimo cha malaria kikisema hana, mwambieni daktari siku hiyohiyo kwamba anatumia digoksini.

Dawa za dukani nazo ziangaliwe. Erithromaisini na siprofloksasini zina matatizo kwa moyo wake, metronidazoli na flukonazoli hupandisha INR, na diklofenaki humweka katika hatari ya kutoka damu tumboni. Kwa maumivu atumie parasetamoli kwa kiasi. Juisi ya balungi aiache kabisa.

Bibi Pangani anajibu:

Mwanangu, mimi pia natumia amiodaroni, nitakuongezea ya nyumbani tu. Kila asubuhi kabla ya dawa mjukuu wangu hunihesabia mapigo. Huweka vidole viwili, cha shahada na cha kati, upande wa kidole gumba kwenye kifundo cha mkono, na huhesabu dakika nzima, kwa sababu mapigo yasiyo na mpangilio ukiyahesabu robo dakika ukazidisha kwa nne yatakudanganya. Yakiwa chini ya 60 huwa tunapiga simu kliniki kabla sijameza. Nikisahau kidonge, simezi viwili kesho yake. Kwa ajili ya warfarini, mboga za majani nakula kiasi kilekile kila wiki. Kliniki hawakunikataza mchicha, walinikataza kuula leo sahani nzima na wiki mbili zijazo nisiuguse. Na juani natoka na kanga kichwani na mikono mirefu, maana dawa hii huunguza ngozi.

Mpunga wa Ifakara anauliza tena:

Nawashukuru sana, na Bibi, Mungu akupe afya. Nimeshazungumza na kliniki, barua itaandikwa wiki hii. Jirani yetu hutumia rivaroksabani, dawa nyingine ya kuzuia damu kuganda, na hapimi INR kabisa. Je, mama hawezi kuhamishiwa huko tukaepuka safari za kila wiki?

Mfamasia Tanga anajibu:

Kwa vali iliyosinyaa kwa homa ya rumatiki, hapana. Mwaka 2022 yalichapishwa matokeo ya utafiti uitwao INVICTUS, uliofanywa kwa wagonjwa zaidi ya 4,500 wa aina ya mama yako katika nchi 24 za Afrika, Asia na Amerika ya Kusini, na waliokuwa kwenye dawa za kundi la warfarini walifariki wachache kuliko waliopewa rivaroksabani. Huenda tatizo la jirani yenu ni la aina nyingine. Badala ya kubadili dawa, ulizeni kama hospitali ya hapo inapima INR, kisha majibu yatumwe Dar kwa simu. Na mkiombwa kupima kiwango cha digoksini, damu itolewe angalau saa sita baada ya kidonge. Ni rahisi zaidi mama afike maabara asubuhi akiwa hajakimeza, akibebe mfukoni, na akimeze akishatolewa damu.