Hipokrasi bila kileo: inawezekana bila kugeuka sharubati ya zabibu?

KinuNaMchi:

Wakuu, salaam. Natafuta namna ya kuandaa hipokrasi, ile divai ya viungo iliyonywewa Ulaya katika karne ya 14 na ya 15, lakini isiwe na kileo hata chembe. Maelekezo mengi yanasema tu "weka juisi ya zabibu nyekundu badala ya divai", halafu yanaendelea kama kawaida. Ukifuata hivyo unapata kinywaji kitamu kupita kiasi, chenye matope yasiyotulia, kinachoteleza mdomoni. Harufu ya viungo ipo, ila kooni hakuna kinachosikika.

Vipimo vyenyewe ni hivi: juisi lita 1 isiyoongezwa sukari, sukari gramu 100, mdalasini wa unga vijiko 2 vya chai, tangawizi ya unga kijiko 1, karafuu 6, kungumanga nusu kijiko. Vyote vinachemshwa pamoja dakika 15, kisha vinapitishwa kwenye chujio la chai.

Kosa liko wapi, kwenye vipimo au kwenye utaratibu? Na je, divai yenyewe ikichemshwa kwa muda mrefu, kileo kinatoka chote?

---

Mzani_na_Kijiko:

Kosa liko pande zote mbili, lakini tuanze na sukari, kwa sababu ndiyo inayoharibu kila kitu kingine.

Kuna maelekezo ya Kifaransa ya mwaka 1393 hivi, katika kitabu cha mambo ya nyumbani Le Ménagier de Paris, yanayotaja vipimo waziwazi. Unga wa hipokrasi: mdalasini bora aunsi 4, maua ya mdalasini aunsi 2, tangawizi aunsi 1, mbegu za melegeta (zenye ukali kama pilipili) aunsi 1, kisha kungumanga na galangali (mzizi wa jamii ya tangawizi) kwa pamoja sehemu ya sita tu ya aunsi. Nusu aunsi ya unga huo, kwa kipimo cha kujaza vizuri, pamoja na nusu ratili ya sukari, huingia katika kwati moja ya divai kwa kipimo cha Paris, yaani kama lita 1.86. Ukigeuza kwa vipimo vya leo unapata takriban gramu 8 za viungo na gramu 130 za sukari kwa kila lita.

Sasa angalia: ile sukari ilitiwa kwenye divai. Katika divai, sukari ya zabibu imekwisha kuliwa na chachu. Juisi ya zabibu nyekundu, kabla hujaigusa, ina kama gramu 150 hadi 160 za sukari kwa lita. Imeshaipita hipokrasi yenyewe kwa utamu! Ukiongeza gramu 100 unafika 250. Hapo ulimi hauonji kitu kingine tena.

Kwa hiyo juisi haibadilishwi na divai lita kwa lita. Punguza juisi, na ile nafasi iliyobaki uijaze kwa vitu ambavyo divai inavyo na juisi haina: ukakasi, uchachu na ukali. Kwa lita 1:

Juisi ya zabibu nyekundu isiyoongezwa sukari, mililita 650. Maji mililita 300. Majani ya chai nyeusi gramu 6. Maji ya zabibu mbichi, yaani zisizoiva, mililita 50. Yakikosekana, weka maji ya limau mililita 20 na uongeze maji ya kawaida mililita 30. Sukari gramu 25, iwekwe mwisho kabisa baada ya kuonja.

Chai ipo kwa ajili ya tanini, ile dutu inayoleta ukakasi. Divai nyekundu hupata tanini kwa kulala na maganda na mbegu siku nyingi, wakati juisi hukamuliwa ikatenganishwa nayo mapema. Bila ukakasi huo kinywaji huteremka kama maji ya sukari, hata ungetia viungo gani. Anayekwepa kafeini aache chai, na katika zile mililita 650 za juisi atoe 150 aweke juisi ya komamanga, nayo ina tanini nyingi.

Ule ukali unaoukosa kooni ni kileo. Kileo huamsha vipokezi vilevile vya joto mdomoni vinavyoamshwa na pilipili, ndiyo maana pilipili manga na jamaa zake wanaweza kushika nafasi yake. Usiogope kuvizidisha viungo hivi kuliko maandishi ya kale yanavyosema: mafuta ya viungo huyeyuka vizuri kwenye kileo na vibaya kwenye maji, kwa hiyo gramu 8 zilizotosha kwenye divai zitapwaya kwenye juisi. Kwa lita ile tumia mdalasini wa vijiti gramu 10, tangawizi kavu gramu 3, melegeta gramu 2, pilipili ndefu (jamaa wa pilipili manga) gramu 1, galangali kavu nusu gramu, na kungumanga ya kukwaruza kiasi cha ncha ya kisu.

Utaratibu: ponda viungo kwenye kinu vipasuke, visiwe unga. Usivikaange kwanza, mafuta mepesi yatapotea hewani. Pasha maji hadi nyuzi 85, tia viungo, funika, acha dakika 20 bila kutokota. Mfuniko ni wa lazima, kwa sababu harufu unayoifurahia jikoni ndiyo inayokosekana kwenye bilauri. Dakika 4 za mwisho zamisha majani ya chai yakiwa yamefungwa kwenye kitambaa, kisha yatoe. Majani yakizidisha muda yanaleta uchungu usioondoka. Acha ipoe hadi uvuguvugu, mimina juisi na maji ya zabibu mbichi, funika, weka kwenye friji saa 12 hadi 24 viungo vikiwa bado ndani. Juisi isichemshwe kabisa. Ikichemka inaonja jamu.

Sufuria iwe ya chuma kisichoshika kutu, au tumia chombo cha kioo. Chuma cha kawaida kikikutana na tanini kinaigeuza rangi kuwa nyeusi, na alumini humezwa na uchachu ikaacha ladha ya madini.

---

Viungo_Vikavu:

Naafikiana na mkuu Mzani. Naongezea upande wa viungo.

Utelezi ule unatokana na mdalasini wa unga. Una wanga na ute unaovimba ukikutana na maji ya moto, na dakika 15 za kuchemka zinatosha kabisa kuupika. Watu wa kale waliweza kutumia unga kwa sababu kwa kawaida waliuchanganya kwenye divai bila kuichemsha, wanga usipate joto la kuvimba. Ukitaka lazima unga, loweka baridi, saa 24 kwenye friji, na usiupashe moto hata kidogo. Vinginevyo tumia vijiti.

Aina ya mdalasini nayo ina uzito wake. Ule wa Sri Lanka una maganda membamba mengi yaliyokunjwa pamoja kama sigara, unavunjika kwa vidole, na harufu yake ni laini. Kasia ni gome moja nene, gumu, lenye ladha kali zaidi na ute mwingi zaidi. Tena kasia ina kumarini kwa wingi, kitu kinachoweza kulidhuru ini kwa mtu anayeitumia sana kila siku. Kwa kinywaji hiki chukua wa Sri Lanka. Kama unataka ule mguso wa maua ya mdalasini uliotajwa kwenye maelekezo ya 1393, gramu 2 kati ya zile 10 ziwe kasia, basi.

Karafuu 6 ni nyingi mno. Yujenoli, yaani mafuta makali yaliyomo, hutia ganzi ulimi, na baada ya hapo melegeta na galangali hazisikiki. Angalia tena orodha ya Paris: karafuu haimo hata moja. Wako waliozitia, lakini ukitaka kuzitia ziwe 2 kwa lita, na zitolewe pamoja na majani ya chai. Kungumanga nayo kidogo ndiyo nzuri. Nusu kijiko inafanya kinywaji kionje sabuni, na ikilika kwa gramu kadhaa kwa mpigo inadhuru: moyo kwenda mbio, kichefuchefu, kuchanganyikiwa.

Tangawizi iwe kavu. Inapokaushwa sehemu ya jinjeroli, dutu inayoipa tangawizi mbichi ukali, hugeuka shogaoli, ambayo ni kali zaidi na hukaa kooni, wakati mbichi hukupa uchangamfu wa limau unaopita haraka. Zaidi ya hayo, tangawizi ya enzi hizo ilikuwa imesafiri miezi kutoka Asia, haikufika Ulaya ikiwa mbichi.

Melegeta ni mbegu ndogo za kahawia kutoka pwani ya Afrika Magharibi, jamaa wa iliki na tangawizi. Ukizikosa, pilipili manga gramu 1 pamoja na mbegu za iliki 6 zilizopondwa zinakaribia. Hazifanani kabisa, lakini zinakaa upande uleule wa ladha.

---

KinuNaMchi:

Shukrani sana. Basi utelezi na utamu nimeelewa. Bado matope. Nikitumia viungo vya kuponda badala ya unga, chujio la chai litatosha?

---

Mchuja_Taratibu:

Halitoshi, ndugu. Na hapa ndipo jina lenyewe lilipozaliwa: kinywaji kilipitishwa kwenye kifuko cha kitambaa chenye umbo la pia, kilichoitwa mkono wa nguo wa Hippocrates, yule tabibu wa Ugiriki. Kuchuja ni nusu ya kazi yote.

Shona kifuko cha pembetatu kwa pamba nzito iliyofumwa karibukaribu, au flana isiyo na rangi. Urefu sentimita 35, mdomo sentimita 20. Kifue kwa maji ya moto peke yake, bila sabuni yenye manukato, kwa sababu kitambaa huishika harufu na kuirudisha kwenye kinywaji. Kabla ya kuanza kilowanishe kwa maji safi ukikamue.

Kwanza toa viungo vikubwa kwa chujio la kawaida. Kisha ning'iniza kifuko juu ya chombo na umimine taratibu. Mililita 200 za mwanzo zitatoka na ukungu. Usikate tamaa, zirudishe juu. Mashapo yakishajipanga ndani ya kitambaa, yenyewe yanakuwa chujio bora kuliko kitambaa. Rudisha mara 3 au 4 mpaka matone yatoke maangavu, halafu acha yaendelee. Lita moja huchukua saa 2 hadi 4, na ni vizuri yote yafanyike ndani ya friji kama nafasi ipo.

Makosa matatu huirudisha kazi mwanzo: kukamua kifuko, kukoroga ndani kwa kijiko ili maji yapite haraka, na kumimina kwa nguvu. Yote yanavunja lile tabaka la mashapo. Maji yakikataa kabisa kupita, ujue kuna unga uliozidi. Hamishia kwenye kifuko kingine safi.

Ukitaka kiwe angavu kama kioo cha rangi, kuna njia ya maziwa. Weka maziwa yasiyopunguzwa mafuta, mililita 100, yaliyochemshwa na kupozwa, kwenye bakuli. Mimina kinywaji ndani ya maziwa, wala usifanye kinyume chake. Kinywaji kikiwa ndicho kingi juu ya maziwa kidogo kwa mpangilio huo, maziwa hukatika polepole na kutengeneza mabonge mepesi yanayokusanya vumbi lote. Ukimimina maziwa kwenye kinywaji yanakatika papo hapo, vipande vigumu, na ukungu unabaki. Acha saa 1 bila kukoroga, kisha pitisha kwenye kifuko kama nilivyoeleza.

Ila ujue gharama yake. Kasini, protini ya maziwa, inashikana na tanini na kuondoka nayo, na sehemu ya rangi pia. Nyekundu nzito inakuwa waridi au kaharabu. Ukichagua njia hii, majani ya chai yapande kutoka gramu 6 hadi 9, la sivyo unarudi kwenye sharubati. Na mwenye mzio wa maziwa asikinywe, hata kikiwa kimechujwa kikawa angavu.

---

Mzani_na_Kijiko:

Swali la kuchemsha divai lilibaki bila jibu. Kileo hakitoki chote. Vipimo vya Wizara ya Kilimo ya Marekani kwa vyakula vilivyotiwa kileo na kutokota vinaonyesha kwamba baada ya dakika 15 hubaki asilimia 40 ya kileo kilichotiwa, baada ya saa 1 asilimia 25, na hata saa 2 na nusu hubaki asilimia 5. Kufikia hapo divai yenyewe imeshakuwa rojo la uchachu. Kwa anayejiepusha kabisa, hiyo si njia.

Divai iliyoondolewa kileo kiwandani nayo isome kibandiko. Nchi nyingi huruhusu ibaki na hadi asilimia 0.5. Kwa ladha inafaa kuliko juisi, kwa sababu ina tanini na haina sukari nyingi, na hapo unaweza kurudi kwenye vipimo vya kale na sukari gramu 100 hadi 130. Lakini ulisema hata chembe, kwa hiyo baki na juisi. Vionjo vya vanila vya maji navyo mara nyingi vimeyeyushwa kwenye kileo, usivitumie kuboresha harufu.

---

KinuNaMchi:

Nimeelewa vizuri. La mwisho: kinakaa siku ngapi, na kinywewe cha moto au baridi?

---

Mchuja_Taratibu:

Siku 5 kwenye friji, nyuzi 4, chupa iliyochemshwa. Siku ya pili na ya tatu ndizo nzuri zaidi, viungo vinakuwa vimetulia. Nje ya friji usikiache zaidi ya saa chache: ni juisi yenye sukari, chachu ya hewani itaanza kazi, na kinywaji ulichokitengeneza kisiwe na kileo kitajitengenezea chenyewe. Ukiona vipovu, ukisikia mlio wa gesi unapofungua, au harufu ya mkate, mwaga. Chupa iliyofungwa kabisa inaweza hata kupasuka. Kwa muda mrefu zaidi, kigandishe kwenye chombo chenye nafasi ya vidole viwili juu.

Chini ya chupa unaweza kukuta punje zinazong'aa kama vipande vya kioo. Ni chumvi ya asidi ya tartari inayojitenga juisi ikipoa, haina madhara. Mimina polepole, ziache chini.

Kinywewe baridi kiasi, nyuzi 12 hadi 15, kwa bilauri ndogo za mililita 80, baada ya chakula. Ulaya ya wakati huo kiliandamana na biskuti nyembamba za kaki. Ukitaka cha moto, usipite nyuzi 60, na pilipili ndefu ipunguze iwe nusu, kwa sababu joto linaiongezea ukali.