Msasa ni wa mbao! Sheria ya uraia imeandikwa upya, mbona Pwani bado twaulizwa babu wa babu?

Mwana_wa_Kuze aliandika:

Wanajukwaa, uzi huu ni mrefu. Asiye na subira aende kwa nyuzi za mpira.

Kijana wa Kibokoni, Majengo au Mjambere, hapa Mombasa, afikisha miaka 18 na aenda kuomba kitambulisho cha Kenya. Cheti cha kuzaliwa anacho, nakala za vitambulisho vya wazazi anazo, cheti cha shule anacho. Naibu wa chifu amthibitisha, fomu 136A yajazwa, alama za vidole zachukuliwa. Mwenzake wa darasa moja, mwenye karatasi zile zile na jina la ukoo lisilo na bahari ndani yake, aondoka na karatasi ya kungojea. Kijana wetu jina lasomwa mara mbili, kisha aelekezwa kwa kamati ya msasa, ile ya kuchuja nani raia na nani si raia. Kamati haikai kila siku. Siku ikikaa mzazi ahitajika mwenyewe, si nakala yake. Halafu maswali: babu alizaliwa wapi, babu wa babu alikuja na jahazi gani, nyinyi ni Waswahili wepi. Ndani ya Mombasa, mtu wa Thenashara Taifa, yale makabila kumi na mawili ya Waswahili wenyeji wa Mombasa, aulizwa ni Mswahili yupi!

Nataka kuonyesha swali hili la babu lilitoka wapi, kwa sababu wengi wadhani liko kwenye sheria. Haliko.

Tuanze na uhuru. Mombasa haikuwa koloni. Ukanda wa maili kumi ulikuwa himaya, mali ya Sultani wa Zanzibar iliyosimamiwa na Mwingereza tangu mkataba wa 1895, na bendera nyekundu ikipepea juu ya Fort Jesus. Oktoba 1963 Sultani akauachia kwa makubaliano ya London, na Jomo Kenyatta na Mohammed Shamte, Waziri Mkuu wa Zanzibar, wakabadilishana barua za kulinda Kadhi na hati za ardhi. Kisha Katiba ya Uhuru ikasema hivi: uliyezaliwa Kenya, na tarehe 11 Desemba 1963 ulikuwa raia wa Uingereza na makoloni yake au mtu aliye chini ya ulinzi wa Uingereza, kesho yake umeamka Mkenya, mradi mzazi wako mmoja naye alizaliwa Kenya. Mzazi mmoja. Babu hakutajwa.

Wasiotimiza sharti hilo walipewa miaka miwili, hadi Desemba 1965, wajiandikishe. Sasa fikiria mtu aliyezaliwa Mombasa kwa baba na mama waliozaliwa Unguja. Juzi Unguja na Mombasa zilikuwa za Sultani mmoja, na mtu akivuka kwenda arusini na kurudi. Nani alimgongea mlango kumwambia amekuwa mgeni na siku zahesabiwa? Wahindi wengi walilifahamu dirisha lile kwa sababu walikuwa na mawakili. Na hata wao, ilipokuja Sheria ya Uhamiaji ya 1967 na vibali vyake vya kazi, waliobaki na pasi za Kiingereza walikimbilia London kwa wingi, hadi Bunge la kule Machi 1968 likapitisha sheria ya kuwazuia kwa siku tatu tu. Mvuvi wa Shimoni hakuwa na wakili wala pasi.

Pigo lenyewe lilikuja 1985, na halizungumzwi. Mpaka mwaka huo, mtu aliyezaliwa Kenya baada ya uhuru alikuwa raia kwa kuzaliwa hapa, ukiwatoa watoto wa mabalozi na wachache wengine. Katiba ikarekebishwa: lazima mzazi mmoja awe raia. Na marekebisho yakarudishwa nyuma hadi 1963! Yaani mtu wa miaka 20, aliyelala raia, aliamka akitakiwa kuthibitisha kwamba mzazi wake alikuwa raia siku anazaliwa. Na mzazi huyo je? Athibitishwe kwa wazazi wake yeye. Hapo ndipo mnyororo ulipofungwa na maafisa wakapata kisingizio cha kupanda juu, kizazi baada ya kizazi. Mwaka 1989 Wasomali wa Kenya wakapangwa foleni na kupewa kadi ya pili ya kuonyesha wamepita mchujo. Pwani hatukupewa kadi. Tulipewa «njoo Alhamisi».

Kisha Katiba ya 2010. Sitaidharau, ilifanya kazi. Ibara ya 14 yasema mtu ni raia kwa kuzaliwa ikiwa siku anazaliwa mama AU baba yake ni raia, awe amezaliwa Kenya au nje. Na kipengele cha pili chasema hayo yawahusu hata waliozaliwa kabla ya Katiba hiyo. Kwa Mombasa hili lilikuwa kubwa, maana zamani mwanamke wa hapa aliyeolewa na Muomani au Myemeni na kujifungulia huko hakuweza kumrithisha mtoto uraia. Baba aliweza, mama hakuweza. Ibara ya 16 ikaruhusu uraia wa nchi mbili. Ibara ya 12 ikasema pasi na hati za usajili ni haki ya raia. Haki, si zawadi.

Agosti 2011 ikaja Sheria ya Uraia na Uhamiaji, ikafuta zile tatu kuukuu: ya uraia, ya uhamiaji ya 1967 na ya wageni ya 1973. Kifungu cha 15 kikafungua mlango kwa wasio na utaifa walioishi Kenya mfululizo tangu 12 Desemba 1963, cha 16 kwa wahamiaji waliokuja kabla ya siku hiyo, cha 17 kwa watoto wao. Masharti yenyewe hayakuwa magumu. Kwa asiye na utaifa: ujue Kiswahili au lugha ya hapa, usiwe umefungwa miaka mitatu au zaidi, uwe unakusudia kuendelea kuishi hapa.

Lakini tazameni tarehe ile. Wapemba wengi wako Pwani tangu kabla ya uhuru, ila wengine walikimbia Mapinduzi ya Zanzibar, 12 Januari 1964. Kwa sheria hii wamechelewa siku 31! Mwandishi wa sheria alikuwa na kalenda, jamani. Na mlango wenyewe ulikuwa wa miaka mitano, na waziri aliruhusiwa kuongeza mitatu tu. Ukafungwa 2019. Tangu hapo jamii nzima hungojea tangazo la Ikulu: Washona, wenye asili ya Zimbabwe, Desemba 2020, Wapemba 2023. Nawafurahia, wallahi. Ila haki inayokuja na hema na maspika yaweza kuondoka vivyo hivyo.

Sasa linganisheni. Mgeni anayetua uwanja wa ndege wa Moi alilipa dola 30 mtandaoni, kwa orodha ya karatasi inayojulikana, na aliahidiwa jibu baada ya siku tatu za kazi. Mwekezaji wa kibali cha daraja la G ajua atakiwa kuwa na dola 100,000, na ajua aambatishe nini. Kijana wa Mjambere ndiye asiyejua orodha yake, kwa sababu haijaandikwa. Mgeni njoo, mwenyeji apone, na huku mwenyeji ndiye mgonjwa.

---

Bandari_Juu:

Hasira naielewa, lakini usiifanye nyepesi. Kuna watu wanaonunua vitambulisho vya Kenya kweli. Serikali ikifungua tu, al-Shabaab atapanga foleni pamoja na mwanao. Msasa una sababu.

---

Mwana_wa_Kuze:

@Bandari_Juu anayenunua haendi kwa kamati! Huyo amelipa ili asiende. Kamati ndiyo iliyofanya kitambulisho kiwe na bei, kwa sababu kila pasipoandikwa sharti wala muda, pana mtu anayeuza muda. Ukitaka kumnasa asiye raia, linganisha daftari la vizazi, kitambulisho cha mzazi na rekodi za shule. Vyote viko kwa serikali. Kinachofanyika ni kinyume: baba alisajiliwa na serikali, mtoto analeta kitambulisho hicho hicho, na serikali haiamini saini yake yenyewe.

---

Fomu_B3:

Nyongeza mbili na sahihisho moja.

Sahihisho kwanza. Umewaruka Wamakonde, wale wenye asili ya Msumbiji. Oktoba 2016 walitembea kwa miguu kutoka Kwale kwenda Nairobi, na wakatambuliwa rasmi kama kabila la 43 kabla dirisha la 2011 halijafungwa. Kwa hiyo kile kifungu kilitumika, hata kama ilibidi miguu ivimbe kwanza.

La pili: swali la babu halitoki kwa Sheria ya Uraia hata kidogo. Hutoka kwa Sheria ya Usajili wa Watu, Sura ya 107, ambayo mizizi yake ni 1947, na nyuma yake ni kile kipande cha 1915, kitambulisho cha kikoloni alichovishwa Mwafrika shingoni ndani ya kikopo cha bati. Wanawake waliingizwa 1978. Wanamageuzi wote walishughulika na mlango wa mbele, Katiba na Uraia, na wakaiacha Sura ya 107 jikoni. Kifungu cha 8 humruhusu afisa kudai ushahidi zaidi wa yale uliyoyasema. Lakini someni maneno ya mwisho: ushahidi *ulio katika uwezo wa mtu huyo kuutoa*. Cheti cha kuzaliwa cha babu aliyezaliwa kisiwani 1910 kiko katika uwezo wa nani? Tena Kifungu cha 5 chazungumzia kabila *atakalolitaja mwenyewe*. Si atakalokisiwa.

La tatu: Februari 2025 Rais alitia saini Wajir tangazo la kuondoa msasa, likilenga kaunti za mpakani. Tangazo si sheria. Linaweza kufutwa kwa tangazo jingine, na afisa anayeshikilia Kifungu cha 8 bado ana cha kushikilia. Anayetaka mageuzi adai Bunge liandike ndani ya Sura ya 107 orodha ya karatasi na idadi ya siku.

---

Likoni_Feri:

@Fomu_B3 tuambie basi watu hukwama wapi hasa. Historia tumeshiba.

---

Fomu_B3:

Majina. Kuliko kitu kingine chochote, majina. Cheti cha kuzaliwa kinasema Swaleh, kitambulisho cha baba Saleh, cheti cha shule Salehe. Mama ni Mwanaisha huku na Aisha kule. Kwetu ni mtu mmoja, kwa mashine ni watu watatu. Hati ya kiapo mbele ya wakili, inayotaja kila tahajia na kila karatasi ilipo, yatosha kwa tofauti ndogo. Kama jina zima ni jingine, usahihishe cheti cha kuzaliwa KWANZA. Ukipiga alama za vidole na jina bovu, kulirekebisha kwenye kitambulisho ni kazi mara mbili, na ada juu.

Aliyezaliwa nyumbani kwa mkunga: kizazi kisiposajiliwa ndani ya miezi sita chahesabiwa kimechelewa. Hapo ni fomu B3, pamoja na kitambulisho cha mama, kadi ya kliniki ya chanjo kama ipo, karatasi ya shule na barua ya chifu. Wengi hungojea hadi mtoto awe na miaka 18, ndipo waanze vyote kwa pamoja. Mfanyieni akiwa darasa la kwanza.

Baba yuko Saudia au ameacha mke na hajulikani aliko: Ibara ya 14 yasema mama AU baba. Peleka kitambulisho cha mama. Ukiambiwa lazima wote wawili, omba waandike. Baba amefariki: cheti cha kifo, na kitambulisho cha ndugu yake wa kuzaliwa naye.

Na hili watu hucheka: usiende na hina mbichi kwenye ncha za vidole. Mashine husumbuka kusoma. Vilevile fundi wa saruji, apumzishe mikono siku chache.

---

Bandari_Juu:

Wakikataa kuandika?

---

Fomu_B3:

Ndipo uandike wewe. Ibara ya 47 yakupa haki ya sababu za maandishi uamuzi ukikuumiza, na Sheria ya 2015 ya Utendaji wa Haki wa Kiutawala ikaweka utaratibu wake. Barua ukurasa mmoja: jina, tarehe uliyokwenda, karatasi ulizotoa moja moja, ulichoambiwa, na kwamba waomba sababu kwa maandishi. Nakala mbili. Yako igongwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Wakikataa kugonga, itume kwa posta ya rejista uweke risiti. Bila hiyo barua, mahakamani wewe hujawahi kukataliwa. Ulikuwa unazungushwa tu, na kuzungushwa hakuna rekodi.

---

Mwana_wa_Kuze:

Nakala za vitambulisho vya wazazi zipigwe pande zote mbili kwa ukurasa mmoja. Watu warudishwa nyumbani kwa hilo pia. Na kitambulisho cha mara ya kwanza hakina ada tangu 2025. Ni cha kupotea ndicho kilichowekewa ada ya shilingi 1,000 mwaka 2024. Atakayewaomba 300 ya «fomu», muulizeni risiti.