Mdogo wangu karudi kutoka Muscat, ila bado anaishi kama yuko kule

Mama Ziada, Tanga
Habari zenu wapendwa. Mdogo wangu alikwenda Muscat kufanya kazi za ndani, akakaa miaka miwili na miezi minne. Pasipoti alishika kafili, yaani mwajiri aliyemdhamini viza, mlango wa nje ukifungwa kwa ufunguo, kamera sebuleni, jikoni mpaka koridoni. Bosi alikuwa anazitazama kwenye simu akiwa kazini. Mtoto wa watu akikaa kitako tu, simu ya mezani inaita: "Mbona umekaa?"

Karudi tangu Mfungo Sita. Anakula amesimama, mgongo ukutani. Akiingia chumbani, macho yanakwenda kwanza kwenye pembe za dari. Juzi nimemkuta chooni, bomba kalifungulia, ananong'ona na shangazi kwenye simu. Na nyumba ni yetu wenyewe! Majirani wanasema ana jini. Nifanyeje?

Ustadhi wa Chumbageni
Pole dada. Mpelekeni kisomo kwanza.

Nilirudi 2019
Mama Ziada, huyo hana jini. Chooni ndiko kusiko na kamera, na maji yanaficha sauti. Hata mimi nilifanya hivyo hivyo. Kinachokumaliza ni kutojua saa gani unatazamwa, basi unajichunga saa zote, mpaka uso wako unauchunga. Niliporudi, mwaka mzima nilikuwa naomba ruhusa kufungua friji ya mama yangu mzazi! Na kuondoka huwezi: viza ni ya kafili, ukitoka bila ridhaa yake anaripoti kuwa umetoroka. Hata sheria ya kazi ya Oman ya 2023 imewaacha nje wafanyakazi wa ndani. Tafadhali msimwambie "sahau". Mpeni ufunguo wa mlango, akae nao yeye.

Muuguzi, Korogwe
Kisomo na hospitali havigombani. Mwili uliolala na hofu miaka miwili hauiachi kwa siku moja: usingizi unakatika, simu ikilia moyo unakwenda mbio. Inatibika. Anzieni kwa daktari wa afya ya akili hospitali ya mkoa, ikibidi mtapewa rufaa ya Muhimbili. Akitaka kuingia kwa daktari peke yake, muacheni. Na asihojiwe habari za kule mbele ya wageni.

Mama Ziada, Tanga
Ahsanteni sana. Jana nimemkabidhi ufunguo. Kafunga, kafungua, kafunga tena, kama mara tano hivi, mimi nimekaa kimya. Magharibi ilipokaribia akatoka peke yake mpaka dukani, akarudi na sukari robo. Hakuna aliyemtuma.