Naomba ushauri: nimesimulia kisa cha Mwana Mpotevu kwa lugha ya mitaani, na mzee wa kanisa amenikataza

Mwalimu wa Kipaimara

Wanajamvi, habari za jioni. Ninafundisha darasa la kipaimara katika usharika mmoja wa huku Mbagala, Dar es Salaam, na nina jambo linaloninyima usingizi tangu Jumapili.

Darasa langu lina vijana 31 wa miaka 13 hadi 16. Kila mwaka huwasomea Luka sura ya 15, nao husikiliza kwa adabu, lakini nikiuliza maana ya maneno "sehemu ya mali inayoniangukia" huwa wanainamisha vichwa. Safari hii nilifunga Biblia nikasimulia kwa maneno wanayoyatumia wenyewe kituoni na uwanjani. Yule mwana mdogo alimwambia baba yake, "Mshua, nikatie changu nisepe." Akaenda mbali, akala bata na washikaji mpaka mkwanja ukakata, akachacha kabisa, akaajiriwa kulisha nguruwe huku akiyatamani maganda yao. Kuna kijana mmoja hukaa dirishani akikwangua benchi kwa ufunguo tangu mwanzo wa kipindi hadi mwisho. Nilipofika pale baba alipomwona mwanawe angali mbali, ule ufunguo ulinyamaza, akauliza, "Mshua alimwonaje kutoka mbali kama hakuwa anamsubiri?" Katika miaka sita ya kufundisha sijawahi kuulizwa swali zuri kama hilo.

Kumbe mzee wetu mmoja wa kanisa alikuwa amesimama mlangoni. Baada ya kipindi aliniita kando, akaniambia kwa upole lakini kwa msimamo kwamba yule baba katika mfano ni Mungu, na Mungu haitwi mshua kanisani. Amenitaka nisirudie. Ninamheshimu sana, kwa kuwa ndiye aliyenifundisha mimi kipaimara, na sipendi kushindana naye. Hata hivyo, siwezi kulisahau swali la yule kijana. Je, nimekosea? Na kama sikukosea, nizungumze naye vipi?

Kalamu ya Mvita

Mwalimu, pole kwa mtihani huo. Mimi ni Mkristo wa Mombasa, na ningependa tuanze na historia, kwa sababu wengi tunadhani Kiswahili cha Biblia kilishuka kikiwa hivyo kilivyo. Mmisionari Krapf alipofika Mombasa mwaka 1844 alianza kukifasiri kitabu cha Mwanzo kwa usemi wa Kimvita aliousikia hapa mjini. Askofu Steere naye, akiwa Zanzibar, alifasiri kwa Kiunguja. Kwa muda mrefu Wakristo wa pwani hii walikuwa na Biblia mbili za Kiswahili, ya Kiunguja iliyokamilika mwaka 1891 na ya Kimvita iliyokamilika mwaka 1914, mpaka ilipotoka Biblia ya muungano mwaka 1952. Kiunguja kilikuwa kimeteuliwa kuwa msingi wa Kiswahili sanifu katika mkutano uliofanyika hapa Mombasa mwaka 1928. Kwa hiyo lugha anayoitetea mzee wako, nami ninaipenda kama yeye, ilikuwa kwanza usemi wa wauza samaki na mabaharia wa mji mmoja.

Tena mkumbuke Petro uani kwa Kuhani Mkuu. Waliokuwa wamesimama pale walimwambia, "hata usemi wako wakutambulisha." Alikuwa na lafudhi ya Galilaya, nayo ndiyo iliyomfichua. Mitume hawakuwa watu wa usemi wa kifahari.

Mama wa Malezi

Kaka Kalamu, hoja yako ni nzuri, lakini unachanganya mambo mawili. Kimvita na Kiunguja ni lahaja: mtu huzaliwa ndani yake, bibi huimbia mjukuu kwayo, na ina maneno ya kilio, ya harusi na ya sala. Lugha ya mitaani hubadilika kila baada ya miaka michache. Sisi tulisema "dingi", wanangu wanasema "mshua", na sijui wajukuu watasema nini. Mwalimu akiandika somo lake leo kwa maneno hayo, baada ya miaka kumi litahitaji maelezo kuliko Biblia yenyewe.

Kuna jambo jingine linalonitia wasiwasi zaidi. Neno la mtaani mara nyingi huwa na maana ya pili ambayo mtu mzima hana habari nayo. Nilikuwapo kwenye semina moja ya vijana ambapo mhubiri alitumia neno alilolisikia kwenye daladala, ukumbi mzima ukaangua kicheko, na hakuna aliyekumbuka tena fungu lililosomwa. Kwa hiyo, Mwalimu, kabla ya kutumia neno lolote, waulize wanafunzi wawili watatu, tena kila mmoja peke yake, wakueleze lina maana gani kwao.

Msomaji wa Eastlands

Nakubaliana na Mama. Huku Nairobi tunaishi na Sheng, lugha yetu ya mitaani, kila siku, na neno linalokubalika Dandora linaweza kuchekwa Kayole. Katika kikundi chetu tuliamua kwamba mwalimu asome Maandiko kwa Kiswahili sanifu, kisha kijana mmoja asimame asimulie upya kwa maneno yake, buda wake, ganji yake na kusota kwake. Mtu wa miaka 45 akijilazimisha kusema Sheng, watoto humwonea huruma. Wakisimulia wao, unajua papo hapo nani ameelewa na nani amekariri.

Mwana wa Amu

Assalaam alaykum. Mimi ni Muislamu na ninafundisha madrasa Lamu, kwa hiyo nitasema kwa upande wetu tu. Aya za Qurani husomwa kwa Kiarabu kama zilivyoteremshwa, na hapo hapana mjadala. Lakini visa vya Manabii na vita vya mwanzo wa Uislamu vimesimuliwa kwetu kwa tenzi za lahaja za kaskazini tangu zama za wazee. Utenzi wa Tambuka ulitungwa Pate mwaka 1728. Bibi yangu hakuwahi kuingia shule, lakini alihifadhi beti nyingi za utenzi wa Nabii Ayubu, wenye "mato" pahala pa macho na "nti" pahala pa nchi, na alikuwa akifika kwenye maradhi ya Ayubu sauti inamkatika.

Washairi wale hawakutumia kila neno la sokoni. Walichagua, na zaidi ya hayo walijua neno gani limtoke nani. Kafiri katika utenzi huzungumza kwa majivuno yake, na Mtume huzungumza kwa utulivu wake. Mwalimu, naona mzee wako ameligusa jambo hilo bila kulitaja. Nyinyi wa Dar mnisahihishe, lakini si kweli kwamba "mshua" ni baba mwenye fedha, ndiyo maana mitaa ya matajiri mnaiita ushuani? Basi neno hilo limemkaa vizuri sana yule mdogo siku anayoondoka, kwa sababu siku ile hamwoni baba, anaona mali. Swali langu ni hili: siku aliyorudi, ulimfanya aseme nini?

Mwalimu wa Kipaimara

Shikamoo Mwana wa Amu. Nimesoma swali lako mara tatu. Siku aliyorudi nilimfanya aseme, "Mshua, nimezingua." Hapo ndipo nilipokosea, sasa ninaona.

Nimerudi kwenye sura nikiwa na kalamu. Anaporudi husema, "Baba, nimekosa juu ya mbingu na mbele yako." Alikuwa amepanga kuongeza, "nifanye kama mmoja wa watumishi wako," lakini baba hamwachi amalize, anaagiza vazi. Yule mkubwa naye, aliyebaki nyumbani miaka yote, haanzi na "baba" hata kidogo. Katika aya ya 29 anaanza na "Tazama," na nduguye anamwita "huyu mwana wako".

Mama wa Malezi

Mwalimu, mpelekee mzee wako hayo kabla ya kipindi, nyumbani kwake, siyo mlangoni pa darasa. Mwambie alichokusahihisha na ulichokiona kwa sababu yake.

Mwalimu wa Kipaimara

Narudi kuwashukuru na kutoa mrejesho. Jumamosi jioni nilikwenda kwa mzee, nikamsomea sura, kisha nikamsimulia upya: "mshua" mara moja tu, siku ya kuondoka, na "baba" siku ya kurudi. Alikaa kimya kwa muda, akaniomba nirudie pale pa kurudi. Ameruhusu, kwa sharti kwamba Maandiko yasomwe kwanza na vijana wasimulie wenyewe, kama alivyoshauri ndugu wa Eastlands.

Jana yule kijana wa dirishani ndiye aliyejitolea kusimulia. Alipofika kwa kaka mkubwa alisita, akasema, "Huyu hata hajamsalimia." Mzee alikuwa ameketi benchi la nyuma na Biblia yake imefunguliwa mapajani, na nilimwona akitafuta aya ya 29 kwa kidole.