Pembea za cheni za Idd hapa Malindi: niwapandishe watoto ama niwanyime?

MamaSwaleh_Barani

Asalaam alaykum jamani, na Idd mubarak. Nna swali na nnataka jibu leo manake kesho ndo mwisho, wale watu wa pembea wafungua vyuma vyao waende zao.

Wamekuja na vitu vingi mwaka huu, kuna vikombe vya kuzunguka, kuna gurudumu la watoto, na kuna hizo pembea za cheni, viti vimening'inia juu kwa duara kama mwavuli, ikianza kuzunguka watu wanatoka nje wanaruka juu ya vichwa vya watu. Swaleh ana miaka 11 jana kapanda mara mbili, mara ya pili kashuka hawezi kusimama, anashika ukuta wa choo asema mama dunia yaenda, halafu katapika mahamri yote na juisi ya ukwaju juu ya kanzu mpya. Sasa mdogo wake wa miaka 6 nae analia ataka. Baba yao amekataa kabisa, asema mtoto mwepesi atarushwa mbali zaidi, bora mtu mzito kama dada yangu (simtaji kilo zake humu, asoma hili jukwaa). Mi nliwatizama wote wawili jana, dadangu na Swaleh, wallahi walikuwa wameruka sawasawa, cheni zimelala vilevile. Nikashangaa.

Sasa nauliza, ni kweli mwepesi hurushwa zaidi? Hicho kisunzi cha mtoto ni cha kuogopa? Na nitajuaje kama hivo vyuma ni vizima, manake mimi naona rangi nyekundu na taa tu.

KijanaWaMuyeye

Nlisoma kichwa cha habari nikadhani ni ile meri-go-raundi ya chama ya akina mama, ya kupeana pesa kwa zamu, nikasema hapo ndo kuna hatari kweli, mtu hupokea zamu yake halafu hapatikani kwa simu 😂 Samahani Mama Swaleh. Pole kwa kanzu.

Mwalimu_wa_Fizikia

Wa alaykum salaam. Dada, macho yako yameona vizuri kumshinda mzee, mwambie polepole asikasirike.

Uzito hauingii kwa ile hesabu. Mtu mzito anavutwa chini na ardhi zaidi, ni kweli, lakini pia ni mgumu zaidi kugeuzwa kutoka njia yake, na hayo mawili yanafutana. Kinachoamua cheni zilale kiasi gani ni mbili tu: kasi, na umbali wa kiti kutoka mlingoti wa katikati. Tuseme ukiwa unaruka uko mita 6 kutoka kati na mzunguko mmoja ni sekunde 10, cheni itainama kama digrii 14, hata hutatishika. Ikizunguka kwa sekunde 5 inafika digrii 44. Kasi imezidi mara mbili tu lakini ule mvuto umezidi mara nne, ndo maana wale vijana wa mashine wakiongeza kidogo tu watu wote wanapiga kelele. Hata kiti kitupu hulala karibu vilevile, kesho tizama vile visivyo na mtu.

Ila usiende kumwambia uzito haumaanishi kitu kabisa. Kwa hizo digrii 44 cheni inabeba karibu mara 1.4 ya uzito wako. Mtoto wa kilo 30 anakuwa kama 42, mtu wa kilo 90 anakuwa kama 125 (sijamtaja mtu). Kwahivyo mzito haruki mbali zaidi, lakini chuma kinamjua.

Na hakuna kitu kinakusukuma nje, hilo wanafunzi wangu hunibishia kila mwaka. Mwili wako wataka kwenda moja kwa moja mbele, cheni ndo inakuvuta ndani ndani kila saa ugeuke. Ikikatika hurushwi nje kama mshale kutoka katikati, unaenda ule upande uliokuwa unaelekea wakati huo, kama jiwe la kombeo likiachiliwa. Ndo maana ule uzio unatakiwa uwe mbali pande zote na watu wasisimame chini wakipiga picha.

Kuna chengine cha namna hii hii Mjerumani mmoja, Ernst Hoffmeister, alitengeneza mwishoni mwa miaka ya 1940, ni pipa kubwa mnasimama ndani mgongo ukutani, linazunguka mpaka mnagandia, halafu sakafu inashuka mnabaki mumening'inia ukutani kama mijusi. Hapo pia mwembamba na mnene wanaganda sawa. Mwambie mzee akipatikana na hilo asibishe tena.

Kuhusu huyo wa miaka 6 sasa, hofu sio kurushwa. Hofu ni kuteleza chini ya kile chuma cha mbele manake kimepimwa kwa mwili mkubwa. Ndo maana huwekwa kijiti cha kupima urefu pale mlangoni. Kama hawana kijiti wala mkanda wa kupita katikati ya miguu, mpeleke kwa vikombe, ukae nae.

Nahodha_Mstaafu_Lamu

Salaam nyote. Mimi nimeendesha majahazi na baadae maboti ya abiria hapa Mokowe na Lamu miaka mingi, kwa mambo ya kutapika mniulize mimi, nimefua mbao za boti kuliko nguo zangu.

Kile kisunzi si ugonjwa mwanangu. Ndani ya sikio kuna vijifereji vitatu vimepinda, vina maji ndani. Ukianza kuzunguka sikio linakwenda nawe lakini yale maji yanachelewa, hapo unajua unazunguka. Ukizunguka sana maji yanashika mwendo. Sasa ukisimama ghafla, sikio limesimama, maji bado yanakwenda, nayo yanamwambia ubongo unazunguka kinyume, macho yanasema nimesimama, na tumbo halijui limsikize nani. Chukua ndoo ya maji uikoroge kwa mkono kisha utoe mkono, utaona.

Na zile vikombe ndo mbaya kuliko cheni, mtashangaa, manake kikombe kinazunguka juu ya sahani inayozunguka, na mtoto anazungusha gurudumu la kati kwa sifa. Cheni zenda duara moja tu. Kuna ile ya Marekani ilitengenezwa na Herbert Sellner mwaka wa 1926 kule Minnesota, vigari saba kila kimoja kinajigeukia kinavotaka juu ya sakafu ya mawimbi, mjukuu wangu alinionyesha kwa simu nikahisi kigegezi nimekaa kitini. Nikamwambia hii ni bahari ya kusi bila maji. Yasemekana wataalamu wa fizikia wenyewe walikaa wakaichunguza mwaka 1994 wakakuta hata ukijua mwendo wa sakafu huwezi kubashiri kigari kitageukia wapi. Tumbo nalo halibashiri, ndo linatapika.

Abiria anaechafukwa siku zote ni yule aliejikunyata chini anatizama miguu yake ama simu. Alieshika usukani hachafukwi, manake anaona wimbi kabla halijafika mwili ukajitayarisha. Kwahivyo kwa cheni mwambie Swaleh atizame mbali, minara ya simu, minazi, asitizame kiti cha mbele. Asipande mara mbili mfululizo. Na asipande tumbo limejaa mahamri. Tangawizi ya kutafuna kidogo kabla, mimi siachi. Akishuka akae chini mpaka maji ya sikio yatulie, asikimbie kumuonyesha mama yake.

FundiChuma_Maweni

Haya waheshimiwa wamesema ya akili na ya tumbo, mimi niko na ya chuma na ndo naona haswa umeuliza lakini umeiweka mwisho.

Mimi nachomelea mageti na magrili ya nyumba za huku baharini, karibu miaka 15. Mwaka juzi nliitwa kwa nyumba moja geti limelegea, nikaenda, geti zuri, rangi nyeusi inang'aa, walikuwa wamepaka wiki mbili nyuma. Nikagonga ule mlingoti wa bomba la pembe nne kwa nyundo. Kule juu likalia ngiii. Nikashuka nagonga, ngiii, ngiii, nilipofika kama shubiri moja juu ya simiti likasema ko. Nikagonga tena kwa nguvu kidogo nyundo ikaingia ndani. Wallahi ikaingia kama kwa boksi la biskuti. Bomba lilikuwa limeliwa kutoka ndani, kilichobaki nje ni rangi na chuma kama karatasi. Hewa ya bahari ina chumvi, bomba likiwa na tundu popote ile hewa inaingia, usiku inageuka maji, maji yanashuka yanakaa chini, hayana pa kutokea. Nje wewe unapaka rangi tu unajisifu.

Sasa mkumbuke ile ya Ohio kule Marekani mwezi wa 7 mwaka 2017, lile chuma la kubembea na kuzunguka kwa pamoja lilikatika hewani siku ya kwanza ya maonyesho, akafa mmoja wakaumia saba. Lilikuwa limekaguliwa. Baadae walioitengeneza walisema ule mkono wa chuma ulikuwa umeliwa na kutu kutoka ndani kwa miaka mingi mpaka ukawa mwembamba. Na hio ni Ohio, hakuna bahari! Sasa fikiria vyuma vinavyokaa kwa lori na kufunguliwa huku kwetu, leo Mombasa kesho Malindi.

Kwahivyo Mama Swaleh usitizame taa. Nenda asubuhi kabla ya watu, saa wanajaribu tupu bila muziki. Muziki unaficha kila kitu, beringi iliokauka inalia kama paka lakini kwa spika kubwa hutaisikia. Tizama pale vyuma vimechomelewa, ukiona michirizi ya rangi ya chai inashuka kutoka kwa kiungo, hio ni kutu inalia kutoka ndani, hata kama rangi ni mpya. Rangi mpya kwa kiungo kimoja tu na kwengine ya zamani pia mimi hunitia shaka. Halafu hizi mashine hufungwa kwa pini sio nati, kwa sababu zinafunguliwa kila wiki, na kila pini ina kile kiwaya kilichopinda kwa mwisho ili isichomoke. Vihesabu vile viwaya. Ukiona pahali pamewekwa msumari ama waya wa kufungia simiti, rudi nyumbani. Miguu nayo isikae kwa mchanga mtupu, iwe na mbao nene chini, na ukitizama mlingoti uwe umesimama wima.

Na yule kijana wa swichi. Akiwa anachati, usimpe shilingi yako mia.

KijanaWaMuyeye

Sasa naongea kweli. Nliwahi kushika tiketi kwa watu kama hao misimu miwili. Anachosema fundi ni sawa, na ongeza hii: angalia wanavopanga watu. Tulifundishwa usijaze upande mmoja, wazito hapa wazito pale, haswa kwa lile gurudumu, ukijaza upande mmoja mota inalia na breki haishiki vizuri. Ukiona watu wanajikalia wanavotaka jua hakuna mwenye habari. Na wateja wenyewe ndo husema ongeza ongeza, bosi akisikia hivo anafurahi, mzunguko wa dakika tatu unakuwa mbili na foleni inasonga haraka.

MamaSwaleh_Barani

Jamani nimerudi. Allah awalipe, nimewasomea nyumba nzima, baba Swaleh aliposikia ya kilo kufutana alinyamaza akaomba chai.

Nlienda saa tatu asubuhi na hili buibui langu nikaanza kuhesabu viwaya kama afisa wa kaunti, wale vijana wakanitizama vibaya. Miguu ina mbao, sawa. Michirizi sikuona. Lakini pini moja ya mkono wa tatu ilikuwa na msumari wa inchi nne umepindwa. Nikauliza hii ni nini, kijana akasema mama hio haina shida. Nikasema basi nitasimama hapa hapa mlangoni nimuonyeshe kila mzazi anaekuja. Alipotea kidogo akarudi na kiwaya kipya mfukoni, alikuwa nacho siku zote!

Huyu wa miaka 6 kapanda vikombe na mimi. Nahodha, ulisema kweli kuhusu vikombe, nlitizama minazi lakini minazi nayo ilikuwa inazunguka. Swaleh yuko sawa anakula. Mimi ndo niko kwa mkeka tangu adhuhuri, kuna mtu ana tangawizi Barani karibu na msikiti aniletee?